Nani Hukata Shauri? Demokrasia ya Wagiriki, Baraza la Wamba dia Wamba na Funzo la Bafwasende

Utangulizi

Katika mijadala ya demokrasia barani Afrika, Athens ya kale na baraza la wazee hulinganishwa mara kwa mara. Julius Nyerere, katika maandishi yake ya mwanzo wa miaka ya 1960, alisisitiza kwamba wazee wa Kiafrika walijadiliana hadi wakubaliane. Makala haya yanauhakiki mlinganisho huo kupitia kazi ya Ernest Wamba dia Wamba (1942–2020), mwanahistoria Mkongo aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam tangu 1980. Kazi yake inastahili kuchunguzwa kwa sababu nadharia aliyoitetea darasani ilikuja kupimwa vitani, Kisangani na katika misitu inayoizunguka.

Kipimo cha Finley

Mwanahistoria M. I. Finley, katika kitabu chake cha 1983 kuhusu siasa za kale, alitofautisha siasa na utawala mtupu. Kwake yeye, siasa ipo pale tu ambapo watu hujadiliana hadharani, na mjadala huo ukazaa uamuzi unaowafunga wote. Kiswahili kinaieleza tofauti hiyo vizuri: kutoa shauri ni jambo moja, kukata shauri ni jingine.

Athens iliyaunganisha mambo hayo mawili kwa taratibu zilizo wazi. Raia walikutana Pnyx wakapiga kura kwa kuinua mikono. Baadhi ya mambo yalihitaji akidi ya watu 6,000. Wajumbe 500 wa Baraza walichaguliwa kwa kura ya bahati. Raia yeyote aliweza kumshtaki mtu aliyependekeza azimio lililo kinyume cha sheria. Mogens Herman Hansen, katika kitabu chake cha 1991, ameonyesha jinsi taratibu hizo zilivyofanya kazi. Hata hivyo, wanawake, watumwa na wageni wakaazi hawakuwamo, na sheria ya Pericles ya 451 K.K. iliubana uraia zaidi.

Hoja ya Wamba

Finley aliamini kwamba siasa ya namna hiyo ilikuwa nadra nje ya Ugiriki na Roma. Makala ya Wamba ya 1985 yanaweza kusomwa kama jibu. Akichota katika mila za Wakongo, anaeleza baraza ambamo kila mtu ana haki ya kusema, jamii hujikosoa yenyewe, na *nzonzi*, bingwa wa maneno, huwapatanisha wanaozozana. Ubora wa makala hayo ni kwamba hayalitazami baraza kama kumbukumbu ya zamani, bali kama njia hai ya kutatua migongano.

Udhaifu wake uko kwingine. Wamba ana nguvu zaidi anapoeleza jinsi neno linavyotolewa kuliko jinsi linavyofungwa. Msomaji hapati kinga inayolingana na ile ya mahakama za Athens: mnyonge afanye nini mwenye nguvu akikataa kusikia? Baadaye Wamba aliazima kwa Sylvain Lazarus, aliyemsoma Finley kwa makini, wazo kwamba siasa haipo nyakati zote. Wazo hilo lilimtahadharisha dhidi ya kuidhania siasa kila palipo na chama, lakini swali la nani hukata shauri lilibaki.

Ushahidi wa Bafwasende

Bafwasende, mashariki ya Kisangani, iko katika ukanda wa misitu aliouchunguza Jan Vansina katika kitabu chake cha 1990. Vansina alionyesha kwamba watu wa misitu ya Ikweta walijitawala kwa karne nyingi kupitia nyumba, kijiji na muungano wa vijiji, mara nyingi bila mfalme. Matokeo hayo yanadhoofisha dai la Finley. Lakini hayathibitishi usawa: mkuu wa nyumba alisikilizwa kwa sababu ya mali na wafuasi wake. Utaratibu huo ulivunjwa na ushindi wa wakoloni kati ya 1880 na 1920, na machifu wakawajibika kwa serikali iliyowaweka.

Agosti 1998 Wamba aliongoza kundi la RCD. Mei 1999 aliondolewa, akahamia Kisangani chini ya ulinzi wa Uganda. Agosti mwaka huo, na tena Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana mjini humo. Wakazi hawakuulizwa shauri lolote. Kundi lilizidi kugawanyika, na mwaka 2000 Roger Lumbala akaifanya Bafwasende ngome ya RCD-National. Pale palitimia methali isemayo mwenye nguvu mpishe.

Si haki kudai kwamba matukio hayo yameifuta nadharia ya Wamba. Yameonyesha sharti ambalo nadharia haikulitamka: baraza haliwezi kuwa siasa ikiwa uamuzi uko mikononi mwa jeshi lisilowajibika kwa wanaojadiliana. Athens yenyewe iliamua hatima ya miji iliyo chini yake bila kuikaribisha Pnyx.

Hitimisho

Mlinganisho wa Athens na baraza la Kiafrika una manufaa iwapo utauliza maswali matatu: nani husema, nani hukata shauri, na nani humlinda aliyeshindwa. Wamba alilijibu la kwanza kwa ufasaha. Mawili yaliyobaki yanawadai watafiti wa leo, hasa wale watakaoyachunguza mashauri ya ardhi na madini huko Bafwasende kwenyewe, katika lugha za wenye mashauri hayo.