Mpira uliokosa ndio wao: mbinu ya Ryukyu Golden Kings

Mei 2023 Chiba Jets waliingia fainali ya B.League, ligi kuu ya kikapu ya Japani, wakiwa wameshinda michezo 53 ya msimu na kupoteza saba tu. Pale Yokohama Arena, Ryukyu Golden Kings wakawafunga mara mbili mfululizo: 96-93 baada ya vipindi viwili vya nyongeza, kisha 88-73. Asiyewajua Kings angedhani walilenga vizuri kuliko Chiba. Mimi naanzia kwingine: wanachofanya mtupo wao unapokosa.

Timu hii ya Okinawa ilianza vibaya. Msimu wake wa kwanza katika ligi ya bj, mojawapo ya zilizotangulia B.League, 2007-08, ilishinda michezo 10 na kufungwa 34. Akaja kocha Dai Oketani, na msimu uliofuata ikatwaa ubingwa. Oketani aliondoka 2012, akarudi 2021, na kuanzia 2022 hadi 2025 Kings wamecheza kila fainali ya B.League. Fainali nne, kombe moja.

Nguzo ya mbinu yao ni Jack Cooley, senta wa sentimita 206 aliyepitia Utah Jazz na Sacramento Kings. Si mrukaji wa kutisha. Kazi yake huanza mpira ukiwa bado mikononi mwa mwenzake: anamtia mlinzi wake mgongoni, anapanua miguu, anamsukuma taratibu kuelekea chini ya ringi, hivyo mpira ukigonga chuma yeye keshafika. Mtupo wa kutoka pembeni mara nyingi ukikosa huangukia upande wa pili, na huko ndiko anakojipanga. Akiudaka, saa ya kurusha inarudishwa kwenye sekunde 14 na ulinzi uliokwisha kulegea unalazimika kuanza upya. Hilo linachosha miguu, na zaidi linakatisha tamaa.

Kanuni za ligi nazo zimewabeba. Katika misimu hiyo wachezaji wa kigeni walioruhusiwa uwanjani kwa wakati mmoja walikuwa wawili, lakini aliongezeka mmoja aliyepata uraia wa Japani au aliyetoka baadhi ya nchi za Asia. Baada ya ubingwa wa 2023 Kings waliijaza nafasi hiyo kwa Alex Kirk, Mmarekani aliyepata uraia, mwenye sentimita 211. Mweke Kirk kando ya Cooley, ongeza Vic Law (ambaye katika fainali ya 2023 alikuwa upande wa Chiba!), na mpinzani asiye na mrefu wa tatu atabaki na mchezaji wa pembeni anayehangaika kumzuia jitu chini ya ringi.

Ila mbinu hii ina gharama. Anayebaki kugombea ribaundi, yaani mpira uliokosa, hawezi wakati huohuo kurudi kulinda, kwa hiyo walinzi wafupi, akiwemo Ryuichi Kishimoto, mwana wa Okinawa, wanabebeshwa mzigo wa kuzuia mashambulizi ya haraka. Warefu watatu pia huibana nafasi ya mwenye mpira kupenya. Fainali ya 2024 ilionyesha hivyo bila huruma: katika mchezo wa tatu Hiroshima Dragonflies walishinda 65-50. Ribaundi haisaidii kitu kama mtupo wa pili nao unakosa.

Utsunomiya Brex, waliowafunga Kings fainali ya 2022 na tena ya 2025, walikuja na jibu jingine. Warefu wao Grant Jerrett na Isaac Fotu wanarusha pointi tatu. Cooley akibaki chini ya ringi, wanarusha bila bughudha. Akiwafuata nje, anaiacha sehemu anayoitawala. Oketani hakuibadili timu yake ifanane na Brex, na kwa maoni yangu alifanya sawa, kwani Machi ya mwaka huohuo wa 2025 Kings walikuwa wametwaa Kombe la Mfalme wa Japani kwa kuwafunga Alvark Tokyo. Mchezo wa tatu na wa mwisho wa fainali ya 2025 dhidi ya Brex uliisha 73-71. Kwa tofauti ya pointi mbili, kocha gani angeitupa silaha iliyomfikisha hapo?