Mkono wa Mhariri: Kuonyesha na Kuficha katika Filamu za Kisiasa za Sam Pollard

Uhakiki wa filamu za hali halisi aghalabu humtazama mwongozaji na kumwacha mhariri nyuma ya pazia. Kazi za Sam Pollard, Mmarekani Mweusi aliyezaliwa New York mwaka 1950, zinadhihirisha upungufu wa mtazamo huo. Pollard alihariri filamu za kubuni za Spike Lee, zikiwamo Mo' Better Blues (1990) na Jungle Fever (1991), na alikuwa miongoni mwa watayarishaji wa awamu ya pili ya Eyes on the Prize, mfululizo wa televisheni kuhusu harakati za haki za raia. Hata hivyo, ni katika 4 Little Girls (1997), aliyoitayarisha pamoja na Lee na kuihariri mwenyewe, ndipo uamuzi wa mhariri unapokuwa hoja ya kisiasa.

Filamu hiyo inahusu wasichana wanne waliouawa kwa bomu kanisani Birmingham, Alabama, tarehe 15 Septemba 1963. Haina msimulizi, wazazi, ndugu na majirani ndio wanaosimulia, na msuko unatokana na jinsi sauti zao zinavyopokezana. Mtazamaji anajua tangu mwanzo kwamba wasichana hao wamekufa, hivyo taharuki haimo katika tukio. Imo katika subira. Mhariri anakaa kwanza na utoto wao, nyumba zao na malezi yao, hata bomu linapolipuka linawaua watoto wanaofahamika, si alama za harakati. Picha za maiti zinapita upesi mno. Kuziondoa kungeufanya ukatili uwe habari ya kusikia tu. Kuzikawiza kungewageuza marehemu kuwa maonyesho.

Subira hiyohiyo inatumika kwa George Wallace, gavana wa zamani wa Alabama na mtetezi wa ubaguzi. Akiwa mzee mgonjwa, anamvuta karibu msaidizi wake Mweusi na kumwita rafiki yake mkubwa. Hakuna sauti inayomsuta. Uso wa msaidizi, usio na raha, unatosha kuwa jibu. Kejeli hiyo ni kali, pengine kupita kiasi kwa mtu aliyedhoofika, lakini maneno ni yake mwenyewe.

Katika MLK/FBI (2020), ambayo Pollard aliiongoza na uhariri ukawa wa Laura Tomaselli, wazungumzaji wanasikika huku sura zao zikifichwa hadi mwishoni. Jicho hubaki kwenye picha za zamani, likimfuata King kama wapelelezi walivyomfuata. Mbinu hiyo inafaa kwa sehemu kubwa ya filamu, ila inakwama panapojadiliwa hati ya FBI yenye maandishi ya mkono yanayomtuhumu King kwamba alikuwapo ubakaji ulipotendeka. Hapo mtazamaji ananyimwa kile alichopewa mbele ya Wallace: uso wa anayesita. Filamu ilipotoka, kanda zenyewe zilikuwa zimefungiwa kwa amri ya mahakama hadi mwaka 2027, hivyo filamu ilibaki na karatasi ya wapelelezi na sauti zisizo na nyuso za kuipima.