Salme Ana Vitabu Viwili, Anza na Barua

Sayyida Salme, binti wa Seyyid Said aliyezaliwa Unguja 1844 na kufa Ujerumani 1924 akiitwa Emily Ruete, ametuachia maisha yake mara mbili. Kuna kumbukumbu zilizochapishwa Berlin 1886. Kuna pia barua ndefu alizomwandikia rafiki wa nyumbani, zilizotolewa kitabu miaka mingi baada ya kifo chake. Wengi husoma kumbukumbu tu. Mimi naona wanaanzia pabaya.

Kwenye kumbukumbu, Salme ni wakili. Anawaeleza Wajerumani jumba la Mtoni, harusi, chakula, mavazi, na kila ukurasa unajibu swali la Mzungu fulani. Kwenye barua anaongea na mtu anayeijua Unguja, kwa hivyo haitetei. Sasa Hamburg ndiyo inayohitaji maelezo: baridi, macho ya watu, lugha asiyoielewa, halafu mume anagongwa na tramu mwaka 1870 na kumwachia watoto watatu wadogo. Hapo ndipo namwona mtu, si binti mfalme wa maonyesho.

Lakini hebu tusimhurumie mpaka tusahau kumuuliza maswali. Kwenye kumbukumbu anatetea utumwa wa kwao, eti Wazungu hawauelewi. Anasema hayo mwanamke aliyekulia kwenye nyumba iliyopikiwa, iliyofuliwa na kulindwa na watumwa. Tunawaona wakipita na sinia. Hatusomi hata barua moja yao.

Kinachoniuma ni kwamba yeye mwenyewe alijua kunyimwa kalamu kukoje. Wasichana hawakufundishwa kuandika, kwa hivyo alijifunza kwa siri, akinakili herufi za Kurani kwenye mfupa wa bega la ngamia. Kufikia 1859, akiwa na miaka 15 hivi, ndiye aliyewaandikia barua wafuasi wa Barghash waliopanga kumpindua Majid. Kalamu ilimpa nguvu. Waliombebea maji hawakuipata.

Kwa hivyo soma barua kwanza, kisha kumbukumbu, na penseli mkononi. Kila mtumwa anapotajwa, piga mstari. Fanya vivyo hivyo na historia ya ukoo wenu, ile mjomba aliyoichapisha kwa ajili ya mazishi ya babu: tafuta yaya, mfanyakazi wa shamba, mke wa pili. Kama wametajwa bila majina, uliza majina yao sasa, wakati nyanya bado anayakumbuka.