Nyumba Tatu za Uskoti

Robert Burns alikuwa na miaka 26 alipotunga "The Cotter's Saturday Night", mwishoni mwa mwaka 1785. Ni shairi kuhusu jioni moja katika kibanda cha kibarua wa shamba. Baba anarudi amechoka, watoto wanamkimbilia, mama anatia viraka nguo kuukuu, binti mkubwa Jenny anamleta nyumbani kijana anayempenda. Wanakula chakula chao cha kimaskini, kisha baba anafungua Biblia. Lilichapwa 1786 katika kitabu chake cha kwanza, mjini Kilmarnock, na kwa vizazi vingi Waskoti wamelitazama kama picha ya familia ya kwao ilivyokuwa, au ilivyopaswa kuwa.

Nalipenda shairi hili, lakini nina ugomvi nalo. Mei ya mwaka huohuo wa 1785, Elizabeth Paton, aliyekuwa mtumishi wa mama yake Burns, alimzalia mshairi binti nje ya ndoa. Kanisa lilimtaka Burns atubu hadharani. Mtoto alilelewa na bibi yake. Miezi michache baadaye mshairi anaandika ubeti mzima wa kumlaani mwanamume atakayethubutu kumhadaa msichana kama Jenny.

Sina haja ya kumsuta marehemu. Ninachoona ni kwamba nyumba aliyoishi ilikuwa na hadithi nzito kuliko nyumba aliyoiandika: mtumishi aliyezaa na mwana wa bibi yake wa kazi, mama mjane anayelea mjukuu ambaye kijiji kizima kinajua alivyopatikana, kijana anayesimama mbele ya waumini. Yote hayo yameachwa mlangoni. Na kibarua mwenyewe, yule aliyepewa kibanda na kipande cha ardhi kwa malipo ya jasho lake, alikuwa anaondolewa mashambani wakati huohuo, maana wamiliki wa ardhi wa kusini mwa Uskoti walikuwa wanaunganisha mashamba na kulima kwa mtindo mpya. Shairi linamtukuza mtu huyu wakati anafukuzwa, na halimwambii msomaji kwamba anafukuzwa.

Nyumba ya pili iko Glasgow, karne moja baadaye. Mwaka 1888 James Burn Russell, daktari mkuu wa afya wa jiji, alitoa mhadhara aliouita "Life in One Room". Wakati huo robo ya wakazi wa Glasgow waliishi katika nyumba za chumba kimoja. Russell anawataka wasikilizaji wake, watu wenye sebule na watumishi, wajaribu kuyapanga maisha yao yote ndani ya chumba hicho: kupika, kufua, kuzaa, kuugua. Kisha anawafikisha kwenye kifo. Mtoto akifariki, maiti yake inalazwa mezani au juu ya kabati, na ndugu zake wanaendelea kula, kucheza na kulala palepale.

Kama kazi ya nathari, mhadhara huu unanishinda nguvu kila ninaposoma. Hautumii takwimu kujificha. Lakini tukumbuke daktari alikuwa anaingiaje katika vyumba hivyo. Sheria ya jiji ya 1862 iliruhusu nyumba ndogo kupimwa na kubandikwa kibati mlangoni, kilichoonyesha idadi ya watu wanaoruhusiwa kulala humo. Mtu mzima alihesabiwa futi za ujazo 300 za hewa, na mtoto chini ya miaka minane alihesabiwa kuwa nusu mtu. Wakaguzi walibisha hodi usiku wa manane kuhesabu vichwa. Wapangaji waliozidi walijificha chini ya vitanda, makabatini, hata juu ya paa. Aliyewahi kuishi chumba cha kupanga anamjua mgeni wa kuzidi, yule binamu ambaye mwenye nyumba hatakiwi kumwona. Kwa mkaguzi ni msongamano, lakini kwa mama wa nyumba huenda ni mdogo wake asiye na pa kwenda, au mpangaji mdogo ambaye senti zake ndizo zinazotimiza kodi. Russell aliwahurumia watu hawa kwa dhati. Hata hivyo, katika mhadhara wake wanaonekana kuliko wanavyosikika.

Nyumba ya tatu haikuandikwa na mwandishi. Mwaka 1911 Agnes Toward, mpiga chapa, alihamia na mama yake, mshona nguo, katika nyumba ya kupanga mtaa wa Buccleuch namba 145, Glasgow. Alikaa humo hadi 1965. Alitunza bili, barua, mapishi, hata chupa ya jamu ya plamu ya mwaka 1929. Taa za gesi ziliendelea kuwaka nyumbani kwake hadi 1960. Leo nyumba hiyo ni makumbusho, chini ya National Trust for Scotland tangu 1982.

Kati ya maandiko yote matatu, haya makaratasi ndiyo ninayoyaamini zaidi, kwa sababu Agnes hakuyaweka ili kumshawishi mtu. Bili inataja tu ulinunua nini na ulilipa kiasi gani. Katika makaratasi hayo tunaona familia ambayo shairi la Burns halina nafasi yake: mama na binti, bila baba mezani, kila mmoja na kazi yake ya kipato, na wakati mwingine wapangaji wa chumba ili mambo yaende.

Lakini makumbusho nayo yana udanganyifu wake. Nyumba ya Agnes ilikuwa na vyumba kadhaa, na choo na bafu ndani. Katika sensa ya mwaka uleule wa 1911, karibu nusu ya Waskoti waliishi katika nyumba za chumba kimoja au viwili. Wengi wao hawakuwa na kabati la kuhifadhia bili za miaka 50. Karatasi huishi muda mrefu kwa yule asiyefukuzwa, na mgeni anayetoka hapo akiamini ameona "nyumba ya Glasgow" ameona nyumba ya waliobahatika.

Waliofukuzwa waliacha kumbukumbu ya namna nyingine. Mwaka 1915, wanaume wakiwa vitani au viwandani, wenye nyumba wa Glasgow walipandisha kodi. Mary Barbour wa Govan na wanawake wenzake walikataa kulipa nyongeza. Mwanamke mmoja alikaa zamu na kengele kwenye ngazi. Afisa wa kuhamisha watu akitokea, kengele inalia, na majirani wanashuka kutoka kila ghorofa wakiwa na unga na nguo mbichi za kufuliwa mikononi. Kufikia Novemba wapangaji wapatao 20,000 walikuwa kwenye mgomo. Kabla mwaka haujaisha, Bunge lilipitisha sheria ya kuzuia kodi kupanda. Ngazi ileile ambayo wanawake walizoea kuisafisha kwa zamu ndiyo iliyowafanya wajuane kiasi cha kuweza kupigana pamoja. Burns asingeiona, maana shairi lake linafunga mlango jioni. Russell aliipita akielekea chumbani.

Nasema haya kwa sababu nasoma nathari nyingi za vijana wenzangu kuhusu nyumbani, na naona mara nyingi tunachagua mojawapo ya njia mbili: mama mtakatifu jikoni, au chumba kimoja cha kusikitisha. Zote mbili zinaandikika vizuri, na zote mbili zimeshaandikwa na mabingwa. Ningependa kusoma zaidi kuhusu kodi ililipwa na nani, mtoto gani alilelewa na bibi na kwa nini, nani alijificha wageni walipobisha hodi. Ukiwaza kuandika kuhusu nyumbani kwenu, muulize mama kama bado ana risiti za kodi. Kama hana, muulize zilipotelea wapi.