Mkasi wa Anne V. Coates

Wako wasemao kwamba mhariri wa filamu ni fundi tu, akataye na kuunga kama alivyoamriwa. Kazi ya Anne V. Coates (1925–2018), Mwingereza aliyekuwa muuguzi kabla ya kuingia katika sinema, yaipinga rai hiyo. Katika Lawrence of Arabia (1962), filamu ya David Lean, Lawrence apuliza njiti ya kiberiti iwakayo, na mara twaliona jangwa likingoja jua lichomoze. Mswada ulitaka picha ya kwanza ififie polepole ndani ya pili. Lakini zilipounganishwa kwa muda bila kufifishwa, ilionekana kwamba mkato wa ghafula una nguvu zaidi, ukaachwa vivyo hivyo. Mtu aweza kusema hiyo ni bahati. Hata hivyo, bahati huwapitia wengi wasiitambue. Coates alitunukiwa Oscar kwa uhariri huo. Kisha akahariri The Elephant Man (1980), isiyo na jangwa wala rangi, kwa mwendo mwingine kabisa. Basi historia ya sinema imtajapo mwongozaji peke yake, humdhulumu aliyeamua picha ikome wapi.