Maafa ya Tubondo: Ufufuo na Sheria katika Utendi wa Mwindo

Utendi wa Mwindo, uliosimuliwa na fanani Candi Rureke mwaka 1956 kwa muda wa siku 12, ni kazi inayotajwa sana na kusomwa kidogo. Wanyanga, wenye utendi huu, hukaa katika misitu ya Walikale, mashariki ya Maniema. Hadi mwaka 1988 wao na watu wa Kindu walikuwa katika mkoa mmoja wa Kivu. Matini yalichapishwa na Daniel Biebuyck na Kahombo Mateene mwaka 1969. Wahakiki wengi wamemtazama shujaa: kuzaliwa kwake kwa ajabu, usinga wake wenye nguvu uitwao conga, na safari yake ya kuzimu. Makala hii inashughulikia kisa kingine, yaani kuteketea kwa kijiji cha Tubondo na kurudishwa kwa watu wake.

Shemwindo, mtemi wa Tubondo, anawakataza wake zake kuzaa mtoto wa kiume. Mwindo anapozaliwa, baba anajaribu kumwua kwa mikuki, kisha kwa kumzika, na mwishowe anamfungia ndani ya ngoma na kumtupa mtoni. Mtoto anafika kwa shangazi yake Iyangura, anapata msaada wa wajomba zake, na kurudi kupigana. Wajomba wanauawa. Hapo Mwindo anamwita Nkuba, yaani radi, ambaye jina lake linasikika pia katika lugha za jirani kama Kinyarwanda. Nkuba anapiga mara saba, na Tubondo yote inakuwa mavumbi. Shemwindo peke yake anaponyoka: anang'oa mzizi wa kangaga na kuingia kuzimu kupitia shimo lake.

Baadaye Mwindo anamrudisha baba yake na kuwafufua wote waliokufa. Hapa ndipo penye pingamizi ambalo mhakiki hawezi kulikwepa. Ikiwa kila aliyekufa anarudi, maafa yana uzito gani? Je, fanani hakufuta kwa mkono wa kushoto alichoandika kwa mkono wa kulia? Pingamizi hili si la darasani tu. Msomaji wa Kindu aliyeishi katika vita vya 1996-1997 na vile vya 1998-2003 anajua kwamba hapakuwa na usinga wowote uliowarudisha waliopotea. Kwake yeye, hadithi inayofuta kifo kwa urahisi inaweza kuonekana si faraja bali dhihaka.

Jibu limo katika namna ufufuo wenyewe unavyosimuliwa. Kazi hiyo inachukua siku tatu, na fanani haharakishi. Mwanamke aliyekufa akiwa na mimba anafufuka na mimba yake. Aliyekuwa katika uchungu wa kuzaa anafufuka katika uchungu uleule. Aliyekuwa akisonga ugali anaendelea kusonga. Waliokuwa wakigombana wanarudi katika ugomvi wao. Hakuna aliyetakaswa wala aliyepewa maisha mapya. Hivyo neno la Kiswahili "kufufua" linahitaji tahadhari. Katika Kiswahili neno hili limebeba maana ya dini: siku ya kiyama wafu huinuka ili wahukumiwe. Tubondo ni kinyume chake. Wafu wanainuka bila hukumu yoyote, na anayehukumiwa ni mtemi aliye hai.

Kwa kweli, kinachoandikwa upya si watu bali mamlaka. Mbele ya baraza la watu waliofufuka, Shemwindo anakiri makosa yake kwa aibu, naye Iyangura anamweleza waziwazi kwamba alikosea kuwabagua watoto. Kisha utawala uliokuwa wa mtu mmoja unagawanywa. Chungu kimerudi jikoni, lakini amri iliyosababisha maafa hairudi. Fanani hakufuta maafa. Alifuta sababu yake.

Jambo la pili ni kumbukumbu. Ulimwengu ukibadilishwa wote, nani atajua kwamba umebadilishwa? Utendi unalijibu swali hili kwa chombo kidogo: kamba. Mwindo anaposhuka kuzimu, Iyangura anabaki kwenye magofu ya Tubondo ameshika ncha yake. Ni yeye aliyeuona ulimwengu wa kwanza, mavumbi, na ulimwengu wa pili. Na ni yeye anayemtaka Mwindo awafufue watu wa kaka yake. Katika utendi unaosifiwa kwa ushujaa wa kiume, kazi ya kukumbuka amepewa shangazi.

Tofauti na riwaya ya Mzingile ya Euphrase Kezilahabi, iliyotoka mwaka 1991, inafaa kutajwa. Humo pia ulimwengu unateketea, lakini kwa silaha za nyuklia, na waliokufa hawarudi. Kezilahabi anaanza upya na wachache, kama katika bustani ya kwanza. Rureke anaanza upya na walewale, pamoja na ugomvi wao. Njia ya pili ni ngumu zaidi, na ni karibu zaidi na hali ya mji uliotoka vitani, ambako jirani wa jana ndiye jirani wa kesho.

Utendi hauishii hapo. Mwindo anamwua Kirimu, joka ambalo jina lake ni ndugu wa neno "zimwi". Kirimu alikuwa rafiki wa Nkuba. Basi Nkuba yuleyule aliyemsaidia anamchukua juu mbinguni, na kwa mwaka mzima shujaa anateswa na baridi, mvua na jua. Anarudi akiwa amekatazwa kuua wanyama, na anawapa watu sheria za kuishi kwa amani.

Utendi una upungufu wake. Wake wa Shemwindo, walioamriwa nini wazae, hawapewi nafasi barazani kuisema amri hiyo. Hata hivyo hoja yake kuu inasimama: mwenye uwezo wa kuangamiza na kurudisha ulimwengu hana budi naye kuwekwa chini ya sheria. Bila sura hiyo ya mbinguni, ufufuo wa Tubondo ungekuwa uchawi mtupu. Pamoja nayo, ni fundisho la utawala.