Fundi wa Shokapu Chakavu

Baiskeli ya mlimani ya miaka ya 1990 ikifika kwa fundi wa chini ya mwembe, haanzi na spana. Hubana breki ya mbele, akaisukuma baiskeli mbele na nyuma huku kidole kimegusa maungio ya shokapu. Yakicheza, bushi zimelika.

Ugumu uko ndani. Shokapu nyingi za zama zile zilitegemea vipande vya mpira, navyo vikizeeka hunata kama ulimbo. Fundi huvikwangua kwa kijiti kirefu, akaosha mirija kwa mafuta ya taa, akaondoa kutu ya juu juu kwa msasa laini, akapaka grisi. Sili za toleo lile ni adimu, hivyo hutafuta zenye kipenyo kilekile, milimita kwa milimita. Mrija uliochimbika hauponi, naye husema hivyo waziwazi, ingawa angeweza kulipwa kwa kuubabaisha.

Hapo huja uma mpya, yaani shokapu nzima ya mbele. Shingo yake hupimwa kwa ile ya zamani kabla ya msumeno. Ikikatwa fupi mno, uma umeharibika na hasara ni ya fundi. Urefu wa uma nao sharti ukaribiane na wa zamani, la sivyo usukani hubadilika tabia. Mwendeshaji haoni lolote kati ya haya. Anateremka kwenye mawe, na gurudumu linamtii.

Ukimpelekea kazi, mwache aifungue shokapu kwanza ndipo mzungumze bei. Mkikubaliana, mlipe siku hiyohiyo.